Supavaiza kaniambia nitumie nadharia ya mtandao wa watendaji. Simu inakuwaje "mtendaji"? Naomba mwongozo

Mwana_Mifumo

Habari zenu wakuu. Niko mwaka wa pili masta ya mifumo ya habari, prapozo yangu ni mawakala wa pesa za simu vijijini, nataka kujua kwanini sehemu moja wakala anadumu miaka na sehemu nyingine anafungua anafunga, kibanda kinabaki na rangi ya kampuni tu. Nilishajipanga na madodoso yangu, manufaa ya huduma, urahisi wa kutumia, vile vya kutiki moja mpaka tano. Supavaiza kasoma, kanirudishia, kaandika pembeni kwa kalamu nyekundu "jaribu ANT", yaani ndo hiyo nadharia ya mtandao wa watendaji, basi, maelezo mengine hakuna.

Wiki ya tatu sasa nasoma. Nimeelewa imeanzia miaka ya 80, Bruno Latour na Michel Callon pale chuo cha migodi Paris, pamoja na John Law wa Uingereza. Kinachonishinda ni pale wanaposema vitu visivyo na uhai navyo ni watendaji, simu mtendaji, karatasi mtendaji, mdudu mtendaji. Kwetu mtendaji ni yule bwana wa ofisi ya kijiji mwenye muhuri, sasa nikifika kule niseme nimekuja kumhoji nani? Jambo la pili, rafiki yangu wa jiografia kaambiwa atumie hiyohiyo, na mwingine wa uhasibu naye hivyohivyo. Nadharia inayoeleza kila kitu mimi huwa naiogopa. Nina mwezi mmoja kabla ya kudifendi, msaada tafadhali.

Mama Sosho

Mdogo wangu pole na hongera, supavaiza anayekurudishia kwa sababu hiyo anataka ufike mbali. Nafundisha sosholojia na hilo swali naulizwa kila mwaka, huwa naanzia barabarani.

Chukulia tuta. Kijiji kiko kando ya lami, magari yanagonga watoto, wananchi wanapiga kelele, wanawekewa kibao cha 50, madereva wanapita na 100 yao. Analetwa trafiki, jioni trafiki anarudi nyumbani. Mwisho linamwagwa tuta. Kuanzia siku hiyo dereva anapunguza, na hapunguzi kwa kuipenda sheria wala kwa kuwahurumia watoto, anapunguza kwa ajili ya springi zake. Latour mwenyewe aliutumia huu mfano wa tuta. Hasemi tuta lina akili wala roho, anasema kazi ya trafiki imehamishiwa kwenye lami, na ikishahamia inabadilika, maana trafiki angeipisha ambulensi, tuta halimjui mgonjwa. Kwa hiyo kipimo chako kiwe hicho, hiki kitu nikikitoa hapa mambo yataenda vilevile? Kama hayaendi vilevile kiandike, usikiache nje kwa vile tu hakina mdomo.

Halafu tafuta ile ya Callon ya 1986, chaza wa ghuba ya Saint-Brieuc kule Brittany. Chaza walikuwa wanaisha, wanavuliwa mno na wanaliwa na viti vya pweza, watafiti watatu walikuwa wameona Japani jinsi mabuu ya chaza yanavyotegewa vifaa chini ya maji yashike na kukua, wakataka kufanya hivyo kwao. Angalia kazi iliyowangoja, wawashawishi wavuvi wasubiri, wawashawishi wanasayansi wenzao, na wayashawishi mabuu yashike. Mwanzo yakashika kidogo, wakayahesabu, yale machache yakasimama kwa niaba ya chaza wote wa ghuba kama vile viongozi wachache wa wavuvi walivyosimama kwa niaba ya wavuvi wote. Baadaye mabuu yakagoma, na mkesha wa Krismasi mmoja wavuvi nao wakaingia eneo lililohifadhiwa wakazoa kila kitu. Callon anaeleza kugoma kwa mabuu na kugoma kwa wavuvi kwa maneno yaleyale, hapo ndo alipowaudhi wengi na hapo ndo penye somo. Ile kazi ya kumvuta kila mmoja mpaka aone shida yako ndo shida yake anaiita tafsiri, na neno limekaa, kila aliyewahi kufasiri anajua kuna kitu kinabadilika njiani.

Kwenye mada yako mfano uko mlangoni kabisa. M-Pesa haikuanza kama huduma ya kutuma hela nyumbani. Majaribio ya 2005 kule Kenya, Vodafone na Safaricom kwa msaada wa fedha za serikali ya Uingereza, yalikuwa ya wakopaji wa taasisi ya mikopo midogo walipe marejesho kwa simu. Watu wakaanza kutumiana wenyewe kwa wenyewe, na ule mkutano wa kikundi ambako watu wanadhaminiana huku wanaangaliana usoni ukawa haukai vizuri na mtu anayeweza kulipa akiwa kwake. Ilipozinduliwa Machi 2007 ikatangazwa kwa jambo moja tu, tuma pesa nyumbani. Tanzania ikaja 2008 na Vodacom, jina lilelile wazo lilelile, na baada ya miezi 14 Kenya walikuwa na wateja zaidi ya milioni 2, sisi kwa umri huohuo hatukufika laki 3. Dodoso la urahisi wa kutumia litakuambia nini hapo? Kilichotofautiana ni vitu vilivyofungwa pamoja na hiyo huduma, mawakala wangapi, floti, yaani hela ya kuhudumia wateja, wanaipata wapi, kampuni imeshika soko kiasi gani, umbali wa kijiji na mji, benki kuu imeruhusu nini. Huo ndo mtandao wanaousema hawa wa ANT, usichanganye na intaneti.

Mwana wa Kaskazi

Ahsante Mama Sosho. Mimi ni wa historia, niko Mombasa, niongeze upande wa kwetu kwa sababu wengi wadhani ANT ni mambo ya kompyuta.

John Law mwaka huohuo 1986 aliandika juu ya Wareno, vipi nchi ndogo vile iliweza kushika njia ya kwenda India kutoka mbali hivyo. Jibu lake si ushujaa wa mtu mmoja wala si mizinga pekee. Ni chombo kilivyoundwa, ni upepo wa Atlantiki, ni majedwali ya kupima latitudo kwa jua yaliyotayarishwa na wataalamu wa mfalme João wa Pili miaka ya 1480, ni mabaharia waliofunzwa kuyatumia. Karatasi, vifaa na watu waliofunzwa, kimoja kikiachia na vingine vyafumuka.

Sasa ichukue uje nayo Malindi. Vasco da Gama alifika Aprili 1498, mfalme wa Malindi akampa rubani, wakang'oa nanga tarehe 24 kusi, upepo wa kupeleka India, ndiyo inaanza, siku 23 hivi nchi ya India hiyo waiona. Huyo rubani watu husema ni Ahmad ibn Majid, baharia mashuhuri wa Kiarabu, wanahistoria wengi hawalikubali, lakini rubani alikuwako. Kurudi wakaondoka msimu si wake, kaskazi, upepo wa kurudi, haijakaa, na bahari ileile, merikebu zilezile, nahodha yuleyule, kuvuka kukachukua karibu miezi mitatu. Watu wakafa kwa kiseyeye mpaka merikebu moja, São Rafael, wakaichoma moto pwani yetu hii kwa kukosa watu wa kuiendesha. Ukiandika historia ya mashujaa huwezi kueleza tofauti ya siku 23 na miezi mitatu, shujaa ni yule mmoja. Ukimwandika upepo kuwa ni mmoja wa walioamua ile safari, yaelezeka. Na hili mabaharia wa pwani walilijua karne nyingi, mwaka wote wa biashara, lini watu waoa, lini nyumba zapangishwa, ulipangwa na kaskazi na kusi.

Juu ya neno lenyewe, mimi situmii "mtendaji", natumia "mhusika", na sababu ninayo. Latour alichukua sehemu ya msamiati wake kwa Greimas, mtu wa kuchambua hadithi, na katika hadithi mhusika aweza kuwa mtu, sungura, pete au jiwe, twaangalia afanya nini hadithi isonge. Mtoto akisikiliza hadithi haulizi sungura amepataje kusema.

Nesi wa Kata

Mwanangu Mwana_Mifumo, mimi ni muuguzi, miaka 21 niko zahanati za kata, digrii nimeisoma ukubwani na huko ndo nikakutana na haya mambo. Umetaja jiografia na uhasibu, hata kwenye afya inaingia, ngoja nikuambie nilivyoielewa mimi maana niliposoma nilikaa kimya muda.

Kuna mama wa Uholanzi, Annemarie Mol, mwaka 2002 alitoa kitabu kuhusu ugonjwa wa mishipa ya miguu kuziba katika hospitali moja ya kwao. Akaona kliniki ugonjwa ni maumivu mgonjwa akitembea hatua kadhaa, kwenye maabara ya chini ugonjwa ni ukuta mnene unaoonekana kwa hadubini, kwenye kipimo cha presha ni namba. Jina moja, lakini kila chumba kinaufanya kwa vifaa vyake, na kuna kazi kubwa inafanyika kuviunganisha hivyo vyumba ili vikubaliane kwamba vinamzungumzia mgonjwa mmoja.

Sasa njoo kwetu kwenye MTUHA, ule mfumo wa kukusanya taarifa za huduma za afya. Watu wa nje wanaona ni vitabu vikubwa vya kuandikia tu. Mimi nakuambia kile kitabu kinanipangia siku. Mama anaingia na mtoto, macho yangu yanatakiwa yawe kwa mtoto lakini mkono uko kwenye safu, umri, jinsia, uzito, namba, hudhurio la ngapi, na maswali nauliza kwa mpangilio wa ukurasa, sio kwa mpangilio wa maumivu yake. Mwisho wa mwezi tunajumlisha, fomu inakwenda halmashauri, inaingizwa kwenye DHIS2, ile programu ya takwimu za afya yenye chimbuko lake Afrika Kusini baada ya ubaguzi wa rangi kwa ushirikiano na Chuo Kikuu cha Oslo na sasa iko nchi nyingi. Huko juu zahanati yangu ni mstari kwenye grafu. Na mama niliyempa rufaa hakwenda kwa kuwa mume kazuia nauli, hilo halina safu. Kwa hiyo kwenye grafu halikutokea.

Lakini nisikionee kitabu. Ni kitabu hichohicho kilichoonyesha mwaka fulani chanjo za kitongoji kimoja zimeshuka, tukafuata tukakuta daraja la miti limechukuliwa na maji. Bila ile safu tungesema kina mama wa kule ni wazembe. Hao watafiti wa Oslo waliandika 2004 kwamba mfumo wa namna hii haudumu ukisimamishwa sehemu moja peke yake, unadumu ukiwa umefungwa na sehemu nyingine, watu wanafundishana, wanabadilishana walichorekebisha. Na wao waliegemea nadharia hiyohiyo unayoiogopa.

Fundi_Maji

Naongezea fupi kwa yule rafiki yako wa jiografia. Mwambie atafute makala ya Marianne de Laet na huyohuyo Annemarie Mol ya mwaka 2000 kuhusu pampu ya mkono ya Zimbabwe. Mimi natengeneza pampu vijijini na sijawahi kuona maandishi ya kisomi yanayoheshimu bolti kama yale. Wanasema hiyo pampu mpaka wake hauonekani vizuri, ukitaka kuieleza lazima ueleze kisima, zege la juu linalozuia maji machafu yasirudi, mtambo wa kuchimbia unaozungushwa na wanakijiji wenyewe, kamati ya kijiji, mpaka mganga anayeulizwa maji yako wapi. Bolti zikipungua bado inatoa maji. Na Peter Morgan aliyeiboresha hakutaka kuishikia hataza, anasema ni mali ya umma. Nimeona pampu za bei kali zimekufa ndani ya miaka miwili kwa sababu ya washa moja, kile kipete kidogo cha kuzibia, ambayo duka la karibu liko kilomita 90, wafadhili wakaandika kwenye ripoti jamii haikuwa na umiliki. Washa ndo haikuwepo jamani.

Hoja_Nzito

Nimewasoma wote na nawaheshimu ila kuna kitu kinanikera kwenye hii nadharia na dogo lazima akijue kabla hajasimama mbele ya paneli. Inapenda kumfuata mwenye nguvu, mgunduzi, kampuni, mwanasayansi, halafu inaeleza kwa ustadi jinsi alivyowafunga wengine kwenye mtandao wake, na walioachwa nje hawaonekani. Langdon Winner, msomi wa siasa za teknolojia, alilisema 1993, mmefungua kisanduku cheusi, yaani kitu kinachotumika bila watu kujua ndani kuna nini, mkakuta kitupu, mnaeleza teknolojia ilivyotengenezwa na hamsemi imewafanya nini watu.

Niwape mfano wa nyumbani. Januari 2020 laini zisizosajiliwa kwa alama za vidole zilianza kuzimwa Tanzania. Shangazi yangu kalima mpunga maisha yake yote, vidole vimesuguliwa mpaka mistari haipo, mashine ikakataa, kaenda mara nne sehemu tofauti kwa nauli yake, mwisho laini ikasajiliwa kwa jina la mjukuu. Kwahiyo leo hela ya shangazi, ya mazao yake, kwa maandishi ni ya mjukuu wa miaka 22. Hakuibiwa, mjukuu ni mtoto mzuri, lakini kila akitaka kubadili namba ya siri inabidi amsubiri mjukuu arudi kutoka mjini. Wenye kampuni wakisema mtandao umetulia, umetulia kwa nani?

Na tozo je. Julai 2021 serikali iliweka tozo kwenye miamala ya simu, mpaka shilingi 10,000 kwa muamala mkubwa, watu wakalalamika nchi nzima, Septemba ikapunguzwa asilimia 30. Ukiniambia tozo na simu na daftari la wakala wote ni wahusika wamekaa meza moja, mimi nasimama. Hawajakaa meza moja. Mmoja anaweza kumkata mwenzake.

Mama Sosho

Hoja_Nzito umesema kweli na habari ya shangazi imenigusa. Mwanasosholojia Susan Leigh Star alilisema jambo hilo 1991 kwa mfano wake mwenyewe, alikuwa na mzio wa vitunguu, akienda McDonald's akiagiza mkate wake usio na vitunguu anasubiri mno wakati wenzake wanahudumiwa chapuchapu. Akasema ule mfumo uliotulia umetulia kwa mtu wa kawaida waliyemfikiria, kwa asiyefanana naye ni msumbufu kila siku, na yeye Star akasema uchambuzi uanzie hapo, kwa yule asiyeenea. Star alikuwa karibu kabisa na hawa wa ANT, hakuwa adui yao. Kwa hiyo dogo usichague kati ya Callon na shangazi. Anza na shangazi halafu fuata nyuzi. Kidole, mashine, kanuni ya usajili, mjukuu, basi la kwenda mjini, zote utazikuta, na utaona ni uzi gani ukivutwa unaumiza nani, ndo nguvu yenyewe hiyo imeonekana ikifanya kazi badala ya kuitaja tu.

Na juu ya ile hofu yako ya nadharia inayoeleza kila kitu. Latour, amefariki Oktoba 2022 Mungu amrehemu, mwaka 1999 aliandika kwamba kuna mambo manne yenye kasoro kwenye hilo jina, neno mtendaji, neno mtandao, neno nadharia, na kistari kinachoyaunganisha. Mwaka 2005 akarudi akayatetea yote pamoja na kistari. Alichokishikilia miaka yote ni kwamba haielezi kitu chochote kabla hujaenda kuangalia, ni namna ya kufuata. Ndo maana inaingia uhasibu na jiografia na uuguzi, haiji na jibu mfukoni. Na ndo maana naumia nikisoma tasnifu ambayo imechukua hatua nne za ile tafsiri ya Callon ikazifanya vichwa vya habari, halafu chini ya kila kichwa zimepachikwa nukuu za intavyuu, field ilishaisha kabla mtu hajaikumbuka ANT.

Mwana_Mifumo

Wakuu nashukuru sana, kweli. Jana nimekaa nikaanza upya. Nimechagua vijiji viwili, kimoja wakala yuko mwaka wa saba, kingine wamefunga watatu. Nitaifuata floti, asubuhi hela inatoka wapi, kwenye mauzo ya duka au kwa mdogo wake, nani anaipeleka benki mjini kwa bodaboda, mvua ikinyesha inakuwaje, mnara ukizima anaandika kwenye daftari au anamrudisha mteja. Hiyo ya daftari nimeiwaza usiku kucha maana nakumbuka wakala wa kwetu hana daftari la kampuni, ana la shule la kurasa 96 na watu wanasaini humo, nahisi ndo linashika uaminifu wa kijiji. Na nitawatafuta kina shangazi, wale ambao laini zao ziko kwa majina ya watu wengine. Madodoso nimeyaweka pembeni kwanza.

Nitatumia neno mhusika, Mwana wa Kaskazi, na nitaeleza kwanini.

Mama Nesi nina swali moja. Kijiji kimojawapo zahanati inawalipa wahudumu wa jamii posho kwa simu, kwa huyohuyo wakala, naona na wao wameingia kwenye uzi. Nikitaka kukaa pale siku kadhaa kuangalia, naanzia wapi?

Nesi wa Kata

Anzia chuoni, barua ya utambulisho, ndo uende mkoani na wilayani, na kama utagusa taarifa za wagonjwa utahitaji kibali cha maadili, omba sasa hivi maana kinachukua muda mrefu kuliko unavyodhani. Ukifika kijijini pitia kwa mtendaji, huyu wa muhuri. Siku ya posho usije asubuhi, njoo saa tisa alasiri ukae kwenye benchi la wakala, hapo floti inakuwa imeisha na wahudumu watano bado wamesubiri, utaona wanavyopangana nani achukue leo na nani arudi kesho. Usiulize kitu siku ya kwanza. Beba maji ya kunywa.